Kesi ikichelewa, dhamana inakuwaje? Maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Wengi wanaouliza maswali haya ni mahabusu wenyewe, au ndugu zao ambao kila kesi inapotajwa wanafika mahakamani na kuondoka na tarehe nyingine. Majibu yanafuata misingi inayokubalika katika nchi nyingi. Pale ambapo sheria ya nchi fulani ina jambo lake la pekee, nchi hiyo imetajwa kwa jina. Soma ukijua kwamba hakuna maelezo ya jumla yanayoweza kushinda ushauri wa wakili aliyelisoma jalada la kesi yako.

Dhamana ni haki, au ni hisani ya hakimu?

Ni haki. Mtu aliyeshtakiwa bado hajatiwa hatiani, na kumfungia ndani kabla ya hukumu ni jambo linalohitaji sababu. Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa wa 1966 unasema wazi, katika ibara ya 9, kwamba kuwaweka watu kizuizini wakati wakisubiri kesi kusiwe ndiyo kanuni ya kawaida. Katiba ya Kenya ya 2010, ibara ya 49, inampa kila aliyekamatwa haki ya kuachiliwa kwa dhamana yenye masharti ya kuridhisha, isipokuwa kuwe na sababu nzito za kumzuia. Kwa hiyo hata mshtakiwa wa mauaji nchini Kenya anaweza kuomba na akapewa.

Hata hivyo, haki hiyo haina maana kwamba kila anayeomba atapata. Mahakama inaweza kukataa ikiona kuna hatari ya kweli kwamba mshtakiwa atatoroka, atatisha mashahidi, ataharibu ushahidi au atadhuru mtu. Jambo ambalo mahakama haipaswi kulifanya ni kumnyima dhamana ili kumwadhibu. Adhabu inakuja baada ya hukumu, tena kama kuna hatia.

Kuchelewa kwa kesi kunahusiana vipi na dhamana?

Ibara hiyohiyo ya 9 inasema aliyekamatwa kwa kosa la jinai ana haki ya kesi yake kusikilizwa na kuamuliwa ndani ya muda unaofaa, la sivyo aachiliwe. Mkataba wa Afrika wa Haki za Binadamu na Watu, uliopitishwa 1981, nao unatambua haki ya kusikilizwa ndani ya muda unaofaa katika ibara ya 7. Serikali ikitaka mtu abaki ndani, wajibu wake wa kuharakisha kesi unazidi kuwa mzito kila siku inayopita.

Kuna sababu nyingine, na kwa maoni yangu ndiyo yenye nguvu zaidi mahakamani. Hoja za kumnyima mtu dhamana huchakaa. Wiki ya kwanza mpelelezi anaweza kusema, tena kwa haki, kwamba mashahidi hawajaandika maelezo na vielelezo havijakusanywa, hivyo mshtakiwa akitoka ataviharibu. Mwaka mmoja baadaye maelezo yameshaandikwa, simu imeshachukuliwa, nyaraka ziko mikononi mwa polisi. Sasa ataharibu nini? Hakimu anayeendelea kukataa dhamana kwa maneno yaleyale ya siku ya kwanza anapaswa kuulizwa swali hilo kwa heshima, na jibu lake liingie kwenye kumbukumbu.

Hofu ya kutoroka haiishi kirahisi hivyo, hasa adhabu ikiwa kubwa. Lakini nayo inaweza kupunguzwa kwa masharti: kusalimisha hati ya kusafiria, kuripoti polisi kila wiki, kuwa na wadhamini wanaoaminika.

Je, kuna idadi ya siku ambazo zikipita lazima mtu aachiwe?

Inategemea nchi.

Uganda ni mfano mzuri kwa sababu siku zimeandikwa ndani ya Katiba yenyewe. Ibara ya 23(6) inasema kwamba kama kosa linaweza kusikilizwa na Mahakama Kuu na mahakama za chini pia, mshtakiwa aliyekaa rumande siku 60 kabla ya kesi kuanza kusikilizwa ataachiliwa kwa dhamana. Kwa kosa linalosikilizwa na Mahakama Kuu peke yake, ni siku 180 kabla ya kesi kupelekwa rasmi katika mahakama hiyo. Kabla ya mabadiliko ya Katiba ya 2005 siku hizo zilikuwa 120 na 360. Angalia vizuri sehemu inayowanasa watu wengi: kesi ikishapelekwa Mahakama Kuu siku ya 170, kipengele cha siku 180 hakimsaidii tena mshtakiwa, hata akikaa miaka miwili akisubiri zamu yake. Anabaki na haki ya kuomba dhamana ya kawaida, ambayo inategemea uamuzi wa jaji.

India inatumia vipimo viwili. Kwanza, upelelezi usipokamilika na mashtaka yasipowasilishwa ndani ya siku 60, au 90 kwa makosa makubwa zaidi, mshtakiwa anapata haki ya dhamana ilimradi yuko tayari kutimiza masharti. Pili, sheria mpya ya mwenendo wa jinai iliyoanza kutumika Julai 2024 inasema aliyekaa mahabusu nusu ya kifungo cha juu cha kosa lake aachiwe kwa dhamana, na kama hajawahi kutiwa hatiani huko nyuma, theluthi moja inatosha. Makosa yenye adhabu ya kifo au kifungo cha maisha hayamo. Kanuni hii ya pili haikudondoka kutoka mbinguni: mwaka 1979 Mahakama ya Juu ya India ilikuta katika jimbo la Bihar mahabusu waliokaa gerezani muda mrefu kuliko kifungo ambacho wangepewa kama wangehukumiwa.

Uingereza, kwa kesi zinazokwenda katika mahakama ya juu ya jinai ya England na Wales, kikomo cha kumweka mshtakiwa ndani kabla ya kesi kuanza ni siku 182. Upande wa mashtaka unaweza kuomba nyongeza, lakini lazima uonyeshe sababu ya kutosha na pia kwamba wenyewe wamefanya kazi kwa bidii.

Kenya haina hesabu ya siku ya namna hiyo. Kipimo ni “bila kuchelewa kupita kiasi”, na mahakama inapima kesi moja moja.

Hizo siku zikitimia, gereza litamfungulia mlango lenyewe?

Hapana. Karibu kila mahali lazima mtu aombe. Nchini India haki ile ya siku 60 au 90 inaweza kupotea kabisa kama mashtaka yatawasilishwa kabla mshtakiwa hajaidai. Andika tarehe aliyopelekwa rumande kwa mara ya kwanza na amri ya mahakama, hesabu mwenyewe, na ombi liwe tayari kabla siku haijafika.

Siku za kukaa kituo cha polisi kabla ya kufikishwa mahakamani kwa kawaida zina kanuni yake. Kenya ni saa 24 na Uganda ni saa 48. Zikizidishwa hilo ni lalamiko jingine, na lisemwe siku ya kwanza mbele ya hakimu.

Kila tarehe tunaambiwa “upelelezi haujakamilika”. Tufanye nini?

Hapa ndipo watu wengi wanapoteza haki yao kwa kunyamaza. Kesi inatajwa, mwendesha mashtaka anasema sentensi moja, hakimu anataja tarehe, mshtakiwa anarudishwa kwenye karandinga. Dakika mbili. Baada ya mwaka mzima, mtu akifungua mwenendo wa shauri haoni popote kwamba mshtakiwa alilalamika.

Ukimya huo una gharama. Mwaka 1972 Mahakama ya Juu ya Marekani, katika shauri la Barker dhidi ya Wingo, iliweka mambo manne ya kupima kama kesi imecheleweshwa isivyo haki: urefu wa muda, sababu ya kuchelewa, kama mshtakiwa aliidai haki yake, na madhara aliyoyapata. Mshtakiwa yule alisubiri zaidi ya miaka mitano, na bado alishindwa, kwa sehemu kubwa kwa sababu kwa muda mrefu hakupinga kuahirishwa kwa kesi. Mahakama za nchi nyingine nyingi zimevitumia vipimo hivyo.

Basi, simama useme. Mshtakiwa asiye na wakili ana haki ya kuzungumza, na hahitaji maneno ya kisheria. Yanatosha haya: “Mheshimiwa, napinga kuahirishwa. Niko mahabusu tangu tarehe fulani. Hii ni mara ya sita kesi kuahirishwa kwa sababu ileile. Naomba upande wa mashtaka waseme ni kitu gani hasa hakijakamilika na kitakamilika lini. Naomba pingamizi langu liandikwe.”

Ombi la kutaka waseme kitu gani hasa ndilo lenye makali. Kusubiri ripoti ya mkemia ni jambo linaloweza kupimwa: sampuli ilipelekwa lini, nani alifuatilia, barua iko wapi? Neno “upelelezi” likiachwa hivyohivyo halipimiki. Tarehe inayofuata, mkumbushe hakimu ahadi iliyotolewa. Ikivunjwa mara mbili, omba amri kwamba hiyo ndiyo ahirisho la mwisho, na hapohapo omba dhamana.

Ndugu walio nje wawe na daftari: tarehe, jina la hakimu, sababu ya kuahirishwa, nani aliomba. Daftari hilo si ushahidi rasmi, lakini wakili akilipata atajua aombe nakala ya kurasa zipi za mwenendo, na ataandika hati ya kiapo kwa siku moja badala ya wiki tatu.

Je, inajalisha nani aliyesababisha kesi kuchelewa?

Inajalisha sana. Kama wakili wako ndiye aliyeomba tarehe tatu mfululizo, au mshtakiwa alibadilisha mawakili kila kesi ilipofika hatua ya kusikilizwa, muda huo kwa kawaida utatolewa kwenye hesabu. Sheria ya India inasema hivyo moja kwa moja. Mahakama ya Juu ya Kanada nayo, katika uamuzi wa 2016 kuhusu mshtakiwa aitwaye Jordan, iliondoa kwenye hesabu ucheleweshaji wa upande wa utetezi.

Lakini hakimu kuhamishwa, mahakama kukosa chumba, jalada kupotea, gereza kukosa gari la kumleta mahabusu: hayo yote yako upande wa dola. Mshtakiwa hakuajiri hakimu wala hanunui mafuta ya gari la magereza. Usikubali yahesabiwe kama bahati mbaya isiyo na mwenyewe.

Kuna ucheleweshaji unaoeleweka pia, na ni vizuri kuwa mkweli. Kesi yenye washtakiwa kumi na miamala ya benki katika nchi tatu haiwezi kwenda kasi sawa na kesi ya wizi wa baiskeli. Ugumu wa kesi unaweza kueleza muda mrefu, ila hautoshi peke yake kueleza kwa nini mtu huyu lazima ausubiri akiwa ndani.

Dhamana ilikataliwa mwanzoni. Tunaweza kuomba tena?

Ndiyo. Unaweza kwenda mahakama ya juu, au kurudi mbele ya mahakama ileile ukionyesha kwamba hali imebadilika. Muda mrefu kupita bila kesi kusonga ni mabadiliko ya hali, lakini usiishie kusema “amekaa sana”. Hati ya kiapo ieleze tarehe ya kukamatwa, idadi ya maahirisho na sababu zake, mashahidi wangapi wameshatoa ushahidi na wangapi wamebaki, na kile kilichobadilika katika sababu ya kwanza ya kukataliwa. Kama alikataliwa kwa kuwa hakuwa na makazi ya kudumu, ambatanisha barua ya uongozi wa mahali atakapoishi. Kama shahidi aliyehofiwa kutishwa ameshamaliza kutoa ushahidi, hiyo ndiyo iwe aya ya kwanza. Afya ya mshtakiwa, watoto wanaomtegemea na mengine ya huruma yaandikwe pia, kwa nyaraka, baada ya hoja hizo.

Tunaambiwa kosa lake halina dhamana. Ndiyo mwisho?

Nchini Tanzania sheria ya mwenendo wa jinai inataja makosa ambayo mahakama haina ruhusa ya kutoa dhamana, yakiwamo mauaji, uhaini, unyang’anyi wa kutumia silaha na utakatishaji wa fedha. Mei 2020 Mahakama Kuu ilitamka kwamba kifungu hicho kinakiuka Katiba, lakini Agosti mwaka huohuo Mahakama ya Rufani ikatengua uamuzi huo. Kifungu kikabaki.

Mimi naona ni sheria inayoumiza, kwa sababu kuandikwa tu kwa aina fulani ya shtaka kunatosha kumfunga mtu mdomo kuhusu dhamana, kabla ushahidi wowote haujapimwa. Hata hivyo bado kuna milango. Shtaka lenyewe linaweza kuchunguzwa: je, maelezo ya kosa yanaonyesha kweli vipengele vya kosa hilo? Shtaka la utakatishaji lililobandikwa juu ya deni la kawaida la biashara linaweza kupingwa, na likiondoka kizuizi cha dhamana kinaondoka nalo. Pia haki ya kesi kusikilizwa ndani ya muda unaofaa haijafutwa na kifungu cha dhamana. Kadiri dhamana inavyofungwa, ndivyo hoja ya kutaka kesi isikilizwe haraka inavyopata uzito, na isemwe kila tarehe.

Na hakikisha kwanza umeambiwa kweli. Kuna makosa ambayo mahakama ya chini haina mamlaka ya kutoa dhamana, ila Mahakama Kuu inayo. Watu huambiwa “haina dhamana” wakati ukweli ni kwamba wameomba mahali pasipohusika.

Dhamana imetolewa, ila masharti hatuyawezi. Bado yuko ndani.

Rudi mahakamani uombe masharti yapunguzwe. Dhamana ambayo mtu hawezi kuitimiza ni kunyimwa dhamana kwa jina jingine, na majaji wengi wanalielewa hilo wakielezwa kwa takwimu za maisha ya mshtakiwa: kipato chake, mali aliyonayo, wanaomtegemea. Usiseme tu kwamba ni maskini. Sema anachoweza: mdhamini mmoja mwenye kazi badala ya wawili wenye hati ya nyumba, kuripoti mara mbili kwa wiki badala ya fedha taslimu. Kanuni za Tokyo za Umoja wa Mataifa za 1990 zinataka kizuizi kabla ya kesi kiwe njia ya mwisho, kwa hiyo kupendekeza njia nyingine ni kuisaidia mahakama kufanya kazi yake.

Fedha taslimu ikiwekwa, chukua stakabadhi ya serikali na uitunze hadi mwisho. Mshtakiwa akihudhuria tarehe zote, fedha hiyo hurudishwa kesi ikiisha, hata akitiwa hatiani. Anayekuomba “kitu kidogo” ili dhamana isainiwe anakuibia, tena anaweza kukuingiza kwenye kesi yako mwenyewe.

Na wadhamini waambiwe ukweli kabla ya kusaini. Mshtakiwa akiruka dhamana, wao ndio watakaodaiwa kiasi walichoahidi.

Mshtakiwa ni mtoto. Kuna tofauti?

Kubwa. Mkataba wa Haki za Mtoto wa 1989, ibara ya 37, unasema mtoto azuiliwe kama hatua ya mwisho tu na kwa muda mfupi kabisa unaofaa. Jambo la kwanza ni kuthibitisha umri wake mbele ya hakimu kwa cheti cha kuzaliwa, kadi ya kliniki au kiapo cha mzazi. Vijana wengi hukaa na watu wazima kwa sababu tu mtu aliandika umri kwa kukisia siku ya kukamatwa.

Kesi ikichelewa sana, inaweza kufutwa kabisa?

Katika baadhi ya nchi, ndiyo. Kanada imeweka ukomo wa miezi 18 kwa kesi za mahakama za chini na miezi 30 kwa mahakama za juu. Ukipita, ucheleweshaji unahesabiwa kuwa umezidi, na upande wa mashtaka usipoonyesha mazingira ya kipekee, kesi inasimamishwa moja kwa moja. Kwingine hilo ni nadra, na dhamana ndiyo nafuu ya kawaida.

Usichanganye kufutwa huko na mashtaka kuondolewa na upande wa mashtaka. Mashtaka yakiondolewa kabla mshtakiwa hajaanza kujitetea, mara nyingi anaweza kushtakiwa upya kwa kosa lilelile, na wapo waliokamatwa tena mlangoni mwa mahakama. Hilo likitokea, muda aliokaa ndani chini ya shtaka la kwanza utajwe katika ombi la dhamana la kesi mpya.

Amechoka. Anasema bora akiri kosa yaishe. Tumwambie nini?

Mwambie asubiri azungumze na wakili au msaidizi wa kisheria kabla ya tarehe inayofuata. Uchovu wa rumande umewafanya watu wakiri makosa ambayo hawakuyafanya, kwa sababu kifungo kina tarehe ya mwisho na rumande haina. Nalielewa kabisa wazo hilo. Lakini hatia inabaki kwenye rekodi yake baada ya kutoka, inaweza kumzuia kupata kazi, na kuifuta baadaye kwa rufaa ni vigumu mno kwa mtu aliyekiri mwenyewe mbele ya hakimu.

Kama kweli alitenda kosa, makubaliano na upande wa mashtaka yanaweza kuwa njia halali, na yawe ya maandishi, yakieleza shtaka lipi linabaki na lipi linaondoka. Kama hakutenda, uchovu wake ndio hoja ya kupeleka mahakamani: hayo ni madhara ya kuchelewa, na yana nafasi katika ombi la dhamana.

Akihukumiwa, muda aliokaa mahabusu unahesabiwa?

Unapaswa kuzingatiwa. Katiba ya Uganda, ibara ya 23(8), inataka muda wa kuzuiliwa kabla ya hukumu uzingatiwe katika kutoa kifungo, na sheria ya mwenendo wa jinai ya Kenya, kifungu cha 333, ina sharti la namna hiyo. Wakati wa kujitetea kuhusu adhabu, mshtakiwa ataje tarehe kamili aliyoingia rumande na aombe hukumu iseme kwa maandishi kifungo kinaanza lini. Hukumu ikitoka bila kulitaja hilo, ombi la kurekebisha kifungo linaweza kupelekwa mahakama ya juu hata kama hakati rufaa dhidi ya hatia yenyewe.

Akiachiwa huru, katika nchi nyingi hapati fidia kwa kuwa tu alikaa ndani. Fidia inadaiwa pale kizuizi chenyewe kilipokuwa kinyume cha sheria, kwa mfano aliposhikiliwa baada ya amri ya kuachiliwa kutolewa. Madai hayo yana ukomo wa muda wa kuyafungua, kwa hiyo aombe nakala ya hukumu na ya hati ya kuachiliwa gerezani wiki ileile anayotoka.